Barua ya wazi kwa wakubwa wa Mwanza na Kagera: tangazeni maboma ya ziwani, halafu yapeni kazi

Kwa Mheshimiwa Waziri wa Maliasili na Utalii, Waheshimiwa Wakuu wa Mikoa ya Mwanza na Kagera, Wakurugenzi wa Jiji la Mwanza na Manispaa ya Bukoba, na madiwani wote mnaokaa kwenye vikao vya mipango miji.

Shikamooni wakubwa zangu, na kwa wa rika langu habari za kazi.

Mimi ni mwalimu wa historia hapa Mwanza, na nimeamua kuandika wazi kila mtu asome kwa sababu ninachoomba hakihitaji mkopo wa nje wala mkandarasi wa kutafutwa kwa tenda, kwa kuanzia kinahitaji saini ya Waziri na kikao cha baraza la madiwani. Naomba mabaki ya kituo cha jeshi cha Wajerumani hapa Mwanza, yaani boma na majengo ya mawe ya enzi hizo yaliyobaki kilimani likiwemo lile jumba la Gunzert, mkuu wa wilaya wa Kijerumani, pamoja na mabaki ya Bukoba, yatangazwe kwenye Gazeti la Serikali kuwa kumbukumbu za taifa. Na yakishatangazwa yapewe kazi ya kufanya, yasifungwe kufuli.

Naanza na sheria kwa sababu ndo ilinifanya nikose usingizi. Sheria yetu ya Mambo ya Kale, ile ya 1964, imechora mstari kwenye mwaka 1863. Jengo, ngome, kaburi, chochote kilichojengwa na binadamu Tanganyika kabla ya mwaka huo kinalindwa moja kwa moja hata kama hakuna mtu aliyekiombea. Kilichojengwa baada ya hapo ni mpaka Waziri atangaze. Sasa pigeni hesabu, Mjerumani kaanza kuweka vituo vya jeshi kwenye hili ziwa mwaka 1890, kwa hiyo kila jiwe alilopanga huku kwetu liko nje ya mstari. Na sheria hiyohiyo inalinda mlango wa mbao wa kuchongwa uliotengenezwa kabla ya 1940, sasa mlango wa 1935 una kinga halafu ngome ambayo babu zetu walilipishwa kodi mbele yake haina mpaka isemewe. Sidhani kama waliotunga walikusudia hivyo, mwaka 1964 mambo ya Mjerumani yalikuwa bado ya juzi tu, wazee waliopigwa viboko bomani walikuwa wapo hai wanasimulia wenyewe. Sa hivi hawapo. Kama tangazo la jengo lolote kati ya haya lilishatoka, basi bandikeni namba yake ukutani wananchi waione, na kama halijatoka hilo ndo naliomba.

Naomba mnivumilie nieleze hii historia kidogo, maana naamini mtu hawezi kulinda kitu asichokijua, na mkae mkijua kwamba watoto wetu wa Nyamagana na Ilemela wanaijua Fort Jesus ya Mombasa kutoka vitabuni lakini ukiwauliza boma la mjini kwao lilikuwa la nini wanakuangalia tu.

Ziwa letu lilijulikana Ulaya baada ya Speke kuliona tarehe 3 Agosti 1858 akiwa hukuhuku Mwanza, akalipa jina la malkia wake. Miaka kumi na saba baadaye, 1875, Stanley akafikia Kageye, kule Magu, kijiji ambacho wafanyabiashara wa pwani, Waarabu na Waswahili, walishakifanya kituo chao cha pembe za ndovu na watumwa, akaunganisha mashua yake aliyokuja nayo vipande vipande akalizunguka ziwa lote. Mpaka leo Kageye yapo makaburi ya Wazungu wa nyakati hizo, yuko mwenzake Stanley mmoja anaitwa Frederick Barker, na yuko daktari wa misheni John Smith aliyekufa 1877. Hao walikuja kutazama na kuandika. Wa ngome walikuja baadaye na walikuja kwa sababu ya mkataba.

Tarehe 1 Julai 1890 Wajerumani na Waingereza walikaa wakagawana, mstari ukapita katikati ya ziwa kwenye nyuzi 1 kusini ya ikweta, kaskazini Mwingereza, kusini Mjerumani. Hakuna Msukuma, Mhaya, Mkerewe wala Mkara aliyeulizwa. Sasa ukishachora mstari kwenye maji lazima uweke bunduki nchi kavu, na Novemba mwaka huohuo Emin Pasha, Mjerumani aliyewahi kuwa gavana wa Equatoria chini ya serikali ya Misri, akaanzisha kituo Bukoba. Mwanza nayo ikafuata mwanzoni mwa miaka ya 1890. Na eneo walilochagua linaeleza walichokuwa wanataka, kilima cha mawe, ghuba mbele, mtumbwi wowote unaotoka Ukerewe au ng'ambo ya ghuba unaonekana kabla haujafika. Mwenye kupanda pale juu leo akaangalia kuelekea Jiwe la Bismarck na kivuko cha Kamanga anaona kilekile ambacho mlinzi wa Kijerumani alikuwa anakiona, ukiondoa magari na paa za bati.

Mlinzi wa Kijerumani nasema hivyo kwa mazoea tu, ila ukweli waliosimama zamu wengi walikuwa askari Waafrika. Jeshi lile lilikuwa na Wasudani, Wamanyema, Wanyamwezi, na Wasukuma pia walikuwemo. Maofisa wa Kizungu walikuwa wachache sana. Hili ni jambo ambalo natamani sana liandikwe pale mlangoni, kwa Kiswahili na Kisukuma, kwa sababu ndo linalowafanya wanafunzi wangu wakae wima darasani. Wakigundua kwamba ngome ya mkoloni ilijengwa na mikono ya watu wa hapa, ikalindwa na watu wa huku bara, ikalishwa na mtama na mchele wa watu wa hapa, maswali yanaanza yenyewe, na hayo maswali ni mazuri kuliko majibu yote niliyonayo mimi.

Mwanzo ngome ilikuwa ya kijeshi kabisa. Baadaye kazi ikageuka. Mwaka 1898 kodi ya nyumba ikaanza koloni zima, mwenye pesa analipa pesa, asiye nazo analeta mazao au anatoa nguvu zake, na pa kuhesabia ni bomani. Kwa hiyo palepale palipowekwa mizinga pakawa ofisi ya mapato, mahakama na jela, na wazee wa mjini wanasimulia mpaka leo habari za mti wa kunyongea watu uliokuwa karibu na kipilefti cha katikati ya mji. Pamba ikaja, ngozi zikaja, karanga zikaja. Reli ya Mwingereza kutoka Mombasa ilipofika Kisumu mwishoni mwa 1901, mzigo wa Mwanza ambao zamani ulibebwa vichwani miezi mizima mpaka Bagamoyo ukaanza kupanda meli hapa, unashukia Kisumu, unaenda pwani kwa treni. Mji ukakua kwa sababu hiyo, na boma likawa linasimamia ushuru wa forodha kuliko vita.

Mwaka 1906 akaja Robert Koch, yule daktari aliyegundua mdudu wa kifua kikuu, alikuwa ametoka kupewa tuzo ya Nobel mwaka mmoja nyuma. Alifikia Mwanza kwa ajili ya malale, halafu akaenda kuweka kambi visiwa vya Ssese upande wa Uganda, akawa anawachoma wagonjwa sindano za dawa ya atoxyl, dawa yenye sumu ya arseniki ndani yake, wengine wakapofuka. Hii nayo ni habari inayohitaji mahali pa kusimuliwa kwa ukamilifu wake, kwamba alikuja kupambana na ugonjwa uliokuwa unamaliza watu kandokando ya ziwa, na kwamba waliojaribiwa dawa ni watu weusi walioambiwa wanatibiwa. Bugando iko juu ya kilima pale, ina wanafunzi wa udaktari kutoka nchi nzima, sioni mahali pazuri zaidi kwao kuipata habari hii kuliko hapahapa mjini.

Na huyo Gunzert ambaye jina lake limebaki kwenye jumba, Theodor Gunzert, ndo alikuwa bwana mkubwa wa wilaya mpaka Mjerumani anaondoka 1916. Nyumba yake inaonyesha boma lilivyokuwa limebadilika, mtu anakaa juu na rundo la makaratasi, madaftari ya kodi, barua za machifu, kesi za ng'ombe.

Halafu vita. Kama kuna sehemu ya historia yetu ambayo nchi zingine wangeshaitengenezea filamu na njia ya kutembea kwa miguu ni hii. Vita vya kwanza vya dunia vilipiganwa kwenye maji haya, tena si kidogo. Mwingereza alikuwa na meli zake za Kisumu, Winifred, Sybil, Kavirondo, Nyanza na nyinginezo, Mjerumani alikuwa na boti moja ya kuvuta matishari jina lake Muansa, akaifunga mzinga, ikawasumbua sana. Bukoba na Mwanza zote zilikuwa na minara ya redio ya upepo, yaani isiyo na waya, teknolojia mpya kabisa wakati ule, na Waingereza waliiogopa kuliko askari wenyewe kwa sababu ilikuwa inapeleka habari zao mbali.

Tarehe 22 na 23 Juni 1915 wakavuka kutoka Kisumu kwenda kuipiga Bukoba. Walishuka kaskazini ya mji chini ya milima, mapigano yakaenda siku mbili mvua ikinyesha, ndani ya kikosi yupo mpaka Frederick Selous, mwindaji maarufu, mzee wa zaidi ya miaka 60. Mnara ukaangushwa, ngome ikachomwa, halafu mji ukaachwa uporwe. Kisha wakapanda meli wakarudi zao, hawakuwa na mpango wa kukaa. Ndugu zangu wa Bukoba mnajua ilivyo, ukiwa pale ufukweni leo watu wanakula sangara na senene kwa amani, watoto wanaogelea, na hakuna hata kibao cha kumwambia mtoto ni nini kilipita kwenye mchanga huu. Makaburi ya Wajerumani yapo jirani, Duka Kubwa, lile duka la enzi za Mjerumani, lipo, na tetemeko la tarehe 10 Septemba 2016 lilitufundisha kwamba nyumba za zamani za Bukoba haziwezi kusubiri, kwa sababu siku ile zilianguka nyingi ndani ya dakika moja na hakuna aliyekuwa amezipima wala kuzichora.

Mwanza zamu yake ilikuwa mwaka uliofuata. Juni 1916 Waingereza wakaichukua Ukerewe, ambako Wajerumani walikuwa wanavuna mchele wa jeshi, na tarehe 14 Julai wakaingia Mwanza. Wajerumani hawakusubiri kufungiwa ndani, walitoka kuelekea kusini, wengine kwa njia ya ghuba wengine kwa miguu kwenda Tabora, boti yao Muansa wakaizamisha wenyewe, na Waingereza wakaja kuiopoa wakaitumia. Na kila jeshi lililopita huku lilibebewa mizigo na wapagazi. Wapagazi hawana kaburi lenye jina, hawana sanamu ziwani, wengi walikufa kwa kuhara na njaa sio kwa risasi. Mimi nikipewa nafasi ya kuchagua kitu kimoja cha kuwekwa ndani ya boma la Mwanza, nisingeweka bunduki, ningeweka ukuta wa wapagazi.

Mwingereza naye alipoingia akafanya vilevile, mji ule ule, kilima kile kile, kodi ileile kwa jina lingine. Reli ya kutoka Tabora ikafika hapa 1928, pamba ikapata mlango wa pili. Wakulima wakachoka kuibiwa kwenye mizani, wakaanza vyama vyao, mpaka 1955 ikazaliwa Victoria Federation of Co-operative Unions chini ya kina Paul Bomani, ushirika ambao ulikuja kuwa miongoni mwa mikubwa kabisa Afrika. Na mwaka 1958 watu wa Geita waliokataa halmashauri ya mchanganyiko wa rangi walikuja kwa maelfu mpaka Mwanza makao makuu ya jimbo, wakakaa hapa wakidai wasikilizwe, wakatawanywa kwa mabomu ya machozi. Naitaja kwa sababu watu wakisema historia ya boma wanadhani ni historia ya Wazungu. Hapana. Boma ni mahali ambapo watu wetu walienda kuinama, na baadaye walienda kudai.

Hata baada ya uhuru mji huu haukuacha kuwa wa kijeshi. Machi 1979, vita vya Kagera vikiendelea, ndege ya Libya aina ya Tu-22 ilitumwa kuja kupiga Mwanza kumsaidia Idi Amin, ikakosa shabaha, mabomu yakaangukia kisiwa cha Saanane yakaua swala. Wazee waliokuwepo bado wapo Kirumba na Igogo, wanakumbuka mlio. Naombeni mtu aende akawarekodi mwaka huu. Simu tu inatosha.

Sasa ngome zinaponaje? Nimejaribu kusoma za wenzetu na nikiziangalia zote naona kwamba iliyopona ni ile iliyopewa kazi nyingine jeshi lilipotoka. Fort Jesus Mreno aliianza 1593, Mwingereza akaifanya jela kuanzia 1895 mpaka 1958, ndo ikawa makumbusho, na 2011 UNESCO wakaiweka kwenye urithi wa dunia. Ngome Kongwe ya Unguja imewahi kuwa jela, imewahi kuwa karakana ya reli ya Bububu, imewahi kuwa klabu ya akina mama, leo kuna jukwaa watu wanacheza ngoma na kuangalia sinema usiku. Boma la Arusha, lililojengwa kwenye 1900 hivi, ni makumbusho ya taifa ya viumbe. Boma la Iringa lilikuwa hospitali ya Wajerumani, likawa ofisi za serikali, na tangu 2016 ni makumbusho ya mkoa, nenda ukaone wanafunzi wanavyopishana mlangoni. Boma la Mikindani la 1895 lilikuwa linaelekea kuwa gofu, likakarabatiwa likawa hoteli ndogo inayoajiri watu wa hapohapo. Kwa hiyo hata hoteli mimi sipingi, waheshimiwa, ninachopinga ni hoteli ya kubomoa kwanza halafu kuweka picha ya zamani mapokezi.

Kuna moja ya mbali ambayo imenigusa zaidi kwa sababu nayo iko kandokando ya ziwa. Inaitwa Fort Ontario, ipo mji wa Oswego, Marekani, juu ya Ziwa Ontario. Waingereza waliijenga 1755, mwaka uliofuata Wafaransa wakaibomoa, ikajengwa tena 1759, Wamarekani wakakabidhiwa 1796, Waingereza wakarudi wakaibomoa 1814, ikajengwa tena. Miaka yote hiyo ni ya kupigania mlango wa ziwa na biashara yake, kwa hiyo mtu wa Mwanza anaielewa bila kuelezwa. Lakini kinachowapeleka watu pale leo kwa wingi ni kitu kingine kabisa. Agosti 1944, vita vya pili bado havijaisha, ile ngome ilipokea wakimbizi 982 kutoka Ulaya, wengi wao Wayahudi waliokimbia kuuawa, wengine walishapitia kwenye kambi za mateso. Walizungushiwa fensi, kutoka ilikuwa kwa kibali, ila watoto wao walienda kusoma shule za mjini na watoto wa wenyeji, na vita vilipoisha walikubaliwa kubaki Marekani. Baadaye zile nyumba wakakaa wanajeshi wastaafu na familia zao, ndipo jimbo likapafungua kama eneo la historia. Yaani mahali palipojengwa kwa ajili ya kuua watu wa ng'ambo ya ziwa pakaishia kuokoa watu wa ng'ambo ya bahari, na wao wameandika yote mawili, mabaya na mazuri, mgeni anapita chumba kwa chumba anasoma.

Sisi wa kanda ya ziwa ukimbizi hatukusomewa. 1994 mto Kagera ulituletea maiti za Rwanda mpaka ziwani, watu waliacha kula samaki, Ngara ikapokea watu kama mji mpya umeota usiku. Chumba kimoja tu cha boma la Bukoba au la Mwanza kingeweza kubeba habari hiyo na dunia nzima ingekuja kuisikia hapa badala ya kuisikia kwa watu ambao hawakuwepo.

Nikirudi kwenye ninachoomba. Kwanza tangazo, nimeshasema. Lakini kabla hata ya tangazo, wataalamu waje wapime na kupiga picha kila ukuta, wachore ramani, wajue jengo lipi ni la lini, kwa sababu sa hivi ukiuliza watu watano mjini unapata majibu matano na mwenye kutaka kubomoa ndo anafaidika na huo mkanganyiko. Chuo cha SAUT kipo Malimbe pale, Chuo Kikuu cha Ardhi kipo Dar, vijana wanatafuta mada za tasnifu kila mwaka.

Baraza la madiwani nalo lisisubiri Dodoma, litunge sheria ndogo kwamba jengo lolote la zamani mjini haliguswi, halipakwi rangi ya mafuta juu ya mawe, halibandikwi bango la soda, mpaka kikao cha wataalamu kipite. Kaka zangu na dada zangu madiwani najua mna ishu kubwa za maji na madampo na machinga wa Makoroboi, sitaki mziache. Ila kiwanja cha kilimani chenye mandhari ya ziwa ni kitu ambacho kikishapigwa mnada hakirudi, na hilo mnalijua kuliko mimi.

Ishu ya hela nimeifikiria pia. Watalii wa Serengeti wanaotokea huku kwa geti la Ndabaka wanalala Mwanza usiku mmoja, wanaenda Saanane, wenye muda wanaenda Bujora kwa mapadre kuona makumbusho ya Wasukuma, basi. Wakipata boma lenye habari ya kweli na kijana mwenye kiingereza na kisukuma cha kuwatembeza, pamoja na Kageye kwenye njia hiyohiyo ya kwenda Musoma, wanabaki siku ya pili. Reli ya kisasa inakuja, meli zinarudi majini, watu watashuka hapa wengi kuliko zamani, tuwaonyeshe nini, selfi ya Jiwe la Bismarck peke yake? Na jiji letu ni ndugu wa mji wa Würzburg, Ujerumani, tangu 1966, udugu wa karibu miaka 60. Kuwaomba watafute kwenye nyaraka za kwao picha na ramani za Mwanza ya Mjerumani, watutumie nakala, sio kuombaomba, hizo ni habari zetu zilizoandikwa na watu wao.

Jambo moja nalisisitiza kwa heshima zote. Msije mkalitengeneza boma likawa zuri mno. Nimeona maeneo ambayo ukifika unaambiwa habari za viti vya bwana mkubwa na vikombe vya chai vya mke wake, unatoka hujui kama kuna mtu alichapwa hapo. Likitengenezwa, mtoto wa Mabatini akiingia akutane kwanza na askari, mpagazi, mama aliyeleta kapu la mtama badala ya pesa ya kodi, chifu aliyelazimishwa kuchagua, halafu ndo akutane na Gunzert. Wizara ya elimu imeanzisha somo la Historia ya Tanzania na Maadili, sisi walimu tumelipokea vizuri, tunachokosa ni mahali pa kuwapeleka watoto kwa nauli ya daladala.

Kiingilio kwa wanafunzi wa shule za umma kiwe bure. Watembeza wageni wachukuliwe vijana wa hapahapa waliomaliza kidato cha sita wamekaa nyumbani, wafundishwe miezi michache. Na ufunguo ukae kwa mtu mwenye jina na namba ya simu iliyoandikwa mlangoni, maana makumbusho mengi madogo yanakufa kwa sababu mlinzi ameondoka na ufunguo.

Nimepeleka nakala ya barua hii kwa mkono kwenye ofisi husika. Naomba nijibiwe kwa maandishi mambo mawili: ni majengo yapi ya Mwanza na Bukoba yameshatangazwa kwenye Gazeti la Serikali, na ombi la yaliyobaki litaingia lini kwenye ajenda ya baraza. Niko tayari kuja kikaoni na wanafunzi wangu, wana maswali yao wameshayaandika.

Wenu katika kazi,
Mwalimu wa historia, Nyamagana, Mwanza